Kitabu, jukwaa au kamera: mwanahabari mwenye habari moja kubwa aanzie wapi?

Binti wa kaka yangu ni mtangazaji wa redio mjini Arua. Kwa muda mrefu amekuwa akiwarekodi wanawake wanaovuka mpaka asubuhi kwenda soko la Ariwara, upande wa Kongo, na kurudi jioni na mizigo kichwani. Sabuni na sukari zinakwenda, vitenge vinarudi. Biashara yao inaendeshwa kwa Kiswahili, maana Mlugbara, Mkakwa na Mkongomani wakikutana kwenye meza ya vitenge, hiyo ndiyo lugha ya kupatania bei. Ameshajaza sauti kwenye simu mbili. Juzi akanipigia: "Shangazi, nimechoka kuzikata dakika mbili mbili za taarifa ya habari. Nataka kuzifanya kazi moja ya maana. Niandike kitabu, nitunge mchezo, au nitafute mtu wa kamera?"

Nilimwahidi jibu refu, na hili ndilo. Naliweka hadharani kwa kuwa wanahabari wengi wa Uganda hufika njia panda hiyohiyo wakishakaa kazini miaka kadhaa: madaftari yamejaa, gazeti halina nafasi, na kila mwenzako ana lake la kukushauri.

Mimi nimepita njia zote tatu kwa habari moja. Ni mzaliwa wa Bombo, Mnubi. Kampala ilipotekwa tarehe 11 Aprili 1979 na jeshi la Tanzania pamoja na Waganda waliotoka uhamishoni, watu wetu walijua kwamba kila Mnubi atahesabiwa kuwa mtu wa rais aliyeangushwa, Idi Amin, awe alishika bunduki au hajawahi kuigusa. Wakafunga walichoweza kubeba, wakaelekea kaskazini. Wengi waliishia kusini mwa Sudan, wengine Zaire, na waliorudi walirudi baada ya miaka. Habari za kina mama wa msafara huo niliziandika kwanza gazetini, kwa Kiingereza. Zikawa kitabu chembamba. Nikazisimulia jukwaani. Mwisho zikawa filamu fupi. Kwa hiyo ninapolinganisha, nalinganisha nguo tatu zilizoshonwa kwa kitambaa kimoja.

Mizani yangu

Watu hulinganisha kwa gharama, au kwa jina utakalopata. Hayo nitayagusa. Mizani ninayoitanguliza ni nyingine: aliyekupa habari ataipokeaje? Ataweza kuisoma, kuisikia, kuitazama? Na akiona umekosea, ana pa kukusahihisha?

Nilijifunza umuhimu wa swali hilo kwa mbali, kupitia yaliyotokea Lira, mji wa kaskazini mwa Uganda. Machi 2012 shirika la Kimarekani la Invisible Children lilitoa mtandaoni filamu fupi kuhusu Joseph Kony, kiongozi wa waasi waliopigana kaskazini mwa Uganda, ikatazamwa zaidi ya mara milioni 100 ndani ya siku chache. Hapa kwetu mwanahabari Rosebell Kagumire alijirekodi mapema akieleza kwamba filamu ile inawafanya Waafrika waonekane watu wasio na sauti wala uwezo, na jibu lake likasambaa nalo. Tarehe 13 mwezi huohuo filamu ikaonyeshwa hadharani Lira, mbele ya maelfu ya watu, wengi wao wakiwa wamepoteza ndugu, watoto au viungo vyao katika vita ile. Walikuja kujiona. Kilichowajia kwenye turubai ni Mmarekani na mwanawe mdogo, wakizungumza juu ya mhalifu wao. Hasira ikapanda, mawe yakarushwa, onyesho likavunjika.

Mamilioni walikuwa wameipenda. Wenye habari waliirushia mawe. Tangu siku hiyo, kila nikishika kalamu au kamera naiona ile turubai.

Kitabu

Kitabu kinakufaa kama ulichonacho ni karatasi: barua, hukumu za mahakama, tarehe zinazogongana, watu ishirini waliosema mambo ishirini. Jukwaa litazichoka tarehe zako baada ya dakika tano. Kamera ikikutana na barua haina la kufanya zaidi ya kuipiga picha. Kitabu ndicho kinachovumilia "ila" na "lakini". Kinakupa nafasi ya kusema fulani alidai hivi, mwenziwe akakana, na barua ya mwaka ule inaonyesha jambo la tatu. Daniel Kalinaki, aliyewahi kuwa mhariri mtendaji wa gazeti la Daily Monitor, alipotaka kueleza safari ya kisiasa ya Kizza Besigye, mwanasiasa wa upinzani, alitoa kitabu mwaka 2014, na sidhani kulikuwa na namna nyingine. Vita vya msituni, serikali, mahabusu na kura za miaka yote hiyo haviingii kwenye safu ya gazeti.

Pia kinapatana na ajira. Unaandika alfajiri kabla ya zamu, bila kumngoja mwigizaji wala mpiga picha. Na chumba cha habari na uchapishaji hapa nchini ni majirani wa siku nyingi: James Tumusiime alikuwa miongoni mwa walioanzisha gazeti la New Vision mwaka 1986, na mwaka 1988 akaanzisha Fountain Publishers. Mchapishaji akikukatalia, kuna Nasser Road, Kampala, ambako mashine hazilali na utapata wa kukuchapia nakala mia tu ukitaka. Namba ya ISBN unaichukua Maktaba ya Taifa. Ushauri mmoja: omba nakala moja ya mfano, ifungue katikati, ikunje kwa nguvu, ndipo ulipe zilizobaki. Mimi sikufanya hivyo, na kurasa za kitabu changu zilianza kubanduka kabla hazijafika Bombo.

Kabla ya hayo yote, soma mkataba wako wa kazi. Sheria ya hakimiliki ya mwaka 2006 inampa mwajiri haki ya kazi uliyoifanya ukiwa kazini kwake, isipokuwa mkataba useme vinginevyo. Binti yetu alirekodi kwa kinasa sauti cha nani, na kwa saa za nani? Swali hilo linahusu jukwaa na filamu pia, lakini kwenye kitabu ndiko watu hushtuka wakiwa wamechelewa.

Sasa udhaifu wake. Nilipeleka nakala kwa haboba mmoja, yaani bibi kwa Kinubi, ambaye maneno yake yalijaza sura mbili nzima. Alikipangusa kwa leso, akakizungusha mikononi, akakiweka kabatini juu ya vyombo vya wageni. Kisha akaketi akaniambia: "Mwanangu, kimetoka kizuri. Sasa niambie, nimesema nini humo ndani?"

Sikuwa na jibu. Nilikuwa nimeyachukua maneno aliyonipa kwa Kinubi na Kiswahili, nikayapeleka Kiingereza, nikamrudishia kitu asichoweza kukifungua. Jambo hili ni la zamani katika nchi yetu. Mshairi Okot p'Bitek alimtunga Lawino, mhusika wa utenzi wake Wimbo wa Lawino, kwa Kiacholi, lakini kilichotoka kwanza ni Kiingereza, mwaka 1966; Kiacholi chenyewe kilichapishwa 1969. Sisi wa Kiswahili tulimpata mwaka 1975 kwa tafsiri ya Paul Sozigwa. Mwenye wimbo ndiye aliyengojeshwa.

Je, kitabu cha Kiswahili kitauzwa Uganda? Hapa lazima nikueleze hali ilivyo. Kiswahili kilitamkwa kuwa lugha ya taifa na Amin mwaka 1973, kikaingizwa kwenye katiba kama lugha rasmi ya pili mwaka 2005, na Julai 2022 baraza la mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima mashuleni. Pamoja na hayo, wapo wazazi wengi, hasa Buganda, wanaokisikia kama lugha ya kambi za jeshi na ya vizuizi vya barabarani, na siwalaumu. Ndivyo walivyokutana nacho. Mchapishaji wa Kampala atakuuliza kwanza kama ni kitabu cha kiada. Lakini ukivuka Busia unakuta wasomaji, na ukiendelea hadi Dar es Salaam unakuta wengi zaidi. Ipo pia tuzo ya Safal-Cornell, iliyoanza mwaka 2014 kwa jina la Mabati-Cornell, ambayo hupokea hata miswada ya Kiswahili isiyochapishwa. Kwa mwandishi wa Arua au Bombo, kuandika Kiswahili ni kuchagua wasomaji walio mbali na duka la vitabu la Kampala na karibu na soko la Ariwara. Mimi ningechagua hivyo bila kusita, ingawa mwaka ule sikuchagua.

Jukwaa

Swali la haboba ndilo lililonipandisha jukwaani. Nilizichukua zile sura mbili, nikazirudisha kwenye Kiswahili, nikawaalika kina mama Jumamosi moja jioni kwenye ua wa nyumba ya jamaa. Viti vya kukodi, taa moja, birika la chai. Nilisoma vizuri mpaka pale msafara unapovuka Nile. Nikasema walilala siku mbili Karuma. Mama mmoja akainuka: "Hapana, mwanangu. Karuma tulipita usiku, hakuna aliyesimama. Tulipolala ni Pakwach." Wa pili akamuunga mkono. Wa tatu akabisha kwamba gari lao liliharibika Karuma, kwa hiyo wao walilala. Kwa nusu saa sikusoma neno, nilikuwa naandika.

Gazeti lilikuwa limechapa Karuma. Kitabu kilikuwa kimechapa Karuma. Hakuna msomaji hata mmoja aliyewahi kunisahihisha, kwa sababu waliojua hawakusoma na waliosoma hawakujua. Hiyo ndiyo tofauti kubwa kuliko zote katika ulinganisho huu, na ndiyo maana naichelewesha miguu yangu hapa.

Uganda ina mizizi mirefu ya namna hii ya kutoa habari. Waimbaji wa kadongo kamu, mtu na gitaa lake, wamekuwa wakisimulia ajali, fitina, magonjwa na siasa kwa nyimbo ndefu ambazo mwenye duka huzisikiliza mpaka mwisho. Kampala imekuwa na National Theatre tangu 1959. Okot mwenyewe aliwahi kuiongoza. Rose Mbowa, mwalimu wa Makerere, alipotaka kuizungumzia nchi iliyotoka vitani mwaka 1987, aliwaweka pamoja jukwaani wachezaji wa ngoma na lugha mbalimbali, ili kila mmoja asikie kwao.

Lakini mtu ninayemfikiria zaidi ni Robert Serumaga. Alianza kwa riwaya, mwaka 1969, akaingia kwenye tamthilia, akaunda kundi la Abafumi. Chini ya Amin neno likawa kitu cha hatari, naye akaendelea kufanya kazi kwa kuliondoa: michezo ya kundi lake ikaegemea mwili, ngoma, pumzi na mayowe, mmoja wao bila maneno kabisa. Mdhibiti hana sentensi ya kukata kwa kalamu nyekundu. Hadhira inaelewa. Hilo kitabu hakiliwezi.

Gharama ya jukwaa ni ndogo kuanza na kubwa kuendelea. Ua na viti unavipata. Ukumbi wa Kampala, mazoezi ya wiki sita, nauli za waigizaji na chakula chao ni jambo jingine. Na hadhira ya mjini huwa imekuja kucheka. Makundi mengi ya Kampala huishi kwa vichekesho vya Kiganda, na yana ustadi wa kweli. Ukiwaletea habari ya msafara wa wakimbizi, mwigizaji mzuri atahisi ukumbi umetulia mno na atatafuta kicheko. Kwangu ilitokea. Kijana aliyemwigiza dereva aliongeza ulevi ambao dereva yule hakuwa nao, ukumbi ukaangua kicheko, na binti wa dereva alikuwa safu ya tatu. Nilimwomba radhi nje, akanisamehe kwa maneno, lakini hakurudi kutazama tena. Mwanahabari anayepanda jukwaani abaki na sheria yake ya kazi: usimvishe mtu halisi kilema asichokuwa nacho ili watu wafurahi.

Udhaifu mwingine ni kwamba mchezo ukiisha umekwisha. Kuanzia Machi 2020 hadi Januari 2022 kumbi zilifungwa kwa sababu ya korona. Waandishi wa vitabu waliandika, wapiga filamu walihariri, watu wa jukwaa walikaa nyumbani karibu miaka miwili. Kama ndiko uliko na chakula chako, kumbuka hilo.

Kamera

Filamu ya hali halisi inakufaa kama jambo bado linatokea, au kama aliyelipitia bado yupo na anataka kuonekana. Masharti hayo mawili nayatilia mkazo, kwa sababu vijana wengi hukimbilia kamera kwa habari iliyokwisha zamani, kisha wanabaki na watu wameketi kwenye makochi wakikumbuka, na picha za barabara kujaza mapengo.

Inapofaa, hakuna kinachoifikia. Haboba wangu alikuwa na namna ya kunyamaza. Angetaja jina la mtoto aliyebaki njiani, kisha vidole vingeanza kukunja ncha ya leso, kuikunjua, kuikunja. Kwenye kitabu niliandika "alinyamaza." Jukwaani nilinyamaza mimi badala yake. Kwenye filamu ni yeye, na ukimya ni wake. Amefariki tangu hapo. Wajukuu waliozaliwa baadaye wanamjua kwa dakika zile.

Ila hesabu inatisha. Kitabu nilikiandika kwa mwaka mmoja na daftari. Filamu ya dakika ishirini na kitu ilinichukua miaka mitatu, na muda mwingi haukuwa wa kupiga picha, ulikuwa wa kuomba fedha na kunakili maneno ya saa nyingi za picha ghafi. Fedha nyingi za kazi hizi hutoka nje ya nchi, na atoaye fedha ana maoni. Nilikaribia kuiuza kwa kituo kimoja cha televisheni; sharti lao lilikuwa sauti ya haboba ishushwe chini, juu yake mtu asome Kiingereza. Nikakataa. Sikujuta, ingawa deni la kamera nililipa peke yangu. Karibu na kwetu iko Docubox ya Nairobi, iliyoanzishwa na Judy Kibinge, inayosaidia filamu za hali halisi za Afrika Mashariki, na Maisha, maabara ya filamu ya Mira Nair hapa Kampala, imewafunza Waganda wengi. Tume ya Mawasiliano ilianzisha tamasha la filamu la Uganda mwaka 2013, na kuna ZIFF Zanzibar kila mwaka. Anzia huko kabla ya kuandikia watu wa mbali.

Kuhusu wenye habari kuiona: usisubiri tamasha. Kwenye miji yetu kuna vibanda vya video, mabenchi na spika, ambako VJ anatafsiri filamu ya Kihindi au ya Kimarekani kwa Kiganda huku inaendelea, na watu wanalipa. Watengenezaji wa filamu za hali halisi huvidharau vibanda hivi, na hapo wanakosea. Nilikodi kimoja alasiri ya siku isiyokuwa na mechi kubwa, nikaonyesha bila kiingilio. Kina mama walijaa. Hakuna VJ aliyehitajika. Walikuwa wanajibizana na turubai wenyewe.

Mfano wa jinsi habari moja inavyohama uko Katwe, mtaa unaoonekana ukitoka katikati ya Kampala kuelekea Entebbe. Mmarekani Tim Crothers aliandika makala ya jarida kuhusu Phiona Mutesi, msichana wa mtaa huo aliyecheza sataranji. Makala ikawa kitabu mwaka 2012, na kitabu kikawa filamu ya Mira Nair mwaka 2016. Ile ni filamu ya kuigiza, si ya hali halisi, lakini mpangilio ndio ninaoutaka uuone: maandishi yalitangulia, kamera ikaja mwisho. Nawauliza wenzangu pia: makala ile ya kwanza mbona haikuandikwa na mmoja wetu? Katwe tunaipita kila siku.

Nani anabeba hatari

Hili ndilo jambo ambalo katika kulinganisha watu hulisahau kabisa. Kitabu humweka wazi aliyekiandika. Jukwaa huwaweka wazi walio juu yake. Kamera humweka wazi aliyekupa habari.

Kakwenza Rukirabashaija alikamatwa Aprili 2020 baada ya riwaya yake, akasema aliteswa, akakamatwa tena baadaye, na mwaka 2022 akaihama nchi. Byron Kawadwa, mwandishi wa tamthilia na kiongozi wa kisanii wa National Theatre, aliuawa mwaka 1977 chini ya Amin, muda mfupi baada ya kupeleka mchezo wake kwenye tamasha la FESTAC huko Lagos. Mwaka 2012 Baraza la Vyombo vya Habari lilizuia mchezo mmoja kuonyeshwa, ukaonyeshwa kwenye kumbi ndogo, na mtayarishaji wake Mwingereza akakamatwa, kisha akafukuzwa nchini Februari 2013. Kalundi Serumaga, mwanawe Robert, ametembea njia zote hizi: makala, redio, uongozi wa National Theatre, filamu za hali halisi. Septemba 2009, wakati wa ghasia zilizofuata Kabaka, mfalme wa Buganda, kuzuiwa kwenda Kayunga, alikamatwa baada ya kuzungumza kwenye televisheni. Na Moses Bwayo, mwanahabari aliyemfuata Bobi Wine, mwanamuziki aliyeingia siasa za upinzani, kwa kamera kwa miaka, alikamatwa, akajeruhiwa kazini, mwishowe akahamia Marekani. Filamu aliyoiongoza pamoja na Christopher Sharp ilionyeshwa Venice mwaka 2022 na kuteuliwa kuwania Oscar mwaka 2024.

Katika majina hayo yote, aliyejitosa alijua anajitosa. Mama wa sokoni akiitikia "sawa, nipige picha" hajui uso wake utafika wapi. Mimi naomba ridhaa mara tatu: kabla ya kupiga, siku ya kupiga, na baada ya kumwonyesha kilichohaririwa. Mara ya tatu ndiyo ya kweli. Mjukuu wa mama mmoja aliomba tumwondoe bibi yake kwa sababu familia ilikuwa na kesi ya ardhi na maneno yake yangetumika mahakamani. Tulimwondoa. Filamu ilipoteza dakika zake bora, na ilikuwa haki.

Nilichomwambia binti yetu

Nilimuuliza swali moja kabla ya yote: hao wanawake wanapita forodhani au njia za panya? Akacheka kidogo. "Shangazi, zote mbili. Inategemea mzigo."

Basi kamera ikatoka. Uso wa mwanamke kwenye njia ya panya, na bonge la vitenge kichwani, ni zawadi kwa maofisa wa kodi, hata kama filamu nzima inamtetea. Labda abaki mmoja: kuna mama mzee aliyeacha kuvuka kwa sababu ya magoti, ambaye mwenyewe ameomba arekodiwe ili watoto wake walioko Kampala wajue ada ya shule ilitoka wapi. Huyo apigwe picha sasa, kwa simu nzuri na maikrofoni ya kubana kwenye nguo, barazani kwake, kabla ya mengine yote. Filamu itatengenezwa baadaye au haitatengenezwa. Magoti hayangoji mfadhili.

Kitabu kiwepo, cha Kiswahili, na kije cha pili. Habari ile ina ushuru, bei za shilingi na faranga, historia ya mpaka uliochorwa na Wazungu katikati ya ndugu. Mambo hayo yanataka kurasa. Lakini akikiandika leo atakosea Karuma na Pakwach yake, na hatajua.

Kwanza jukwaa. Awachukue waigizaji wawili wa Arua, atumie sauti halisi pale mwenye sauti anaporidhia na mwigizaji pale asiporidhia, abadili majina, aombe kibali mapema, na onyesho la kwanza lifanyike kwa hao wanawake peke yao, siku isiyo ya soko. Daftari awe nalo mapajani.

Alikwenda kuwaomba ruhusa Alhamisi iliyopita. Walikubali kabla hajamaliza, wakataka kukaa safu ya mbele, na wakawa na swali moja tu: hao watakaotuigiza, wanajua kutembea na mzigo kichwani bila kuushika? Mmoja wa waigizaji aliowapata hajui. Ameanza kufundishwa, kwa beseni la maji.